Bundi wa Hadithi na Bundi wa Uani: Somo kwa Wanaowafundisha Watoto Kusoma



Somo la toleo hili limetokana na kosa letu wenyewe. Tunaliandika kwa sababu wengi wenu, mafrateri na waamini, mnawafundisha watoto wa Utoto Mtakatifu katika vigango vyenu, na huenda swali lililotuponza sisi mmeshaliandika ubaoni mara nyingi.

Wakati wa likizo ya mwezi wa sita, mafrateri watatu tulipangiwa kukaa kwenye kigango kimoja kati ya Kilosa na Mikumi, mbele ya Ulaya kwa anayetoka Kilosa. (Wasomaji wa mbali wasishangae. Ulaya yetu ni kata ya wilaya ya Kilosa, na kufika huko hakuhitaji pasipoti.) Kazi yetu ilikuwa kumsaidia katekista, ambaye pale kigangoni wote humwita Mwalimu, na kila jioni kuwasomesha watoto hadithi. Wengi walikuwa wa darasa la tatu hadi la sita. Kusoma kwa sauti wanajua. Ukiwauliza wamesoma nini, wanakutazama.

Nyuma ya nyumba ya Mwalimu kuna mwembe mkubwa, na juu ya mwembe huo palikuwa na sanduku la mbao ambalo bundi walikuwa wametagia. Mwalimu ni mkulima wa mahindi. Kila msimu alikuwa akipanda, na baada ya siku mbili tatu anakuta mistari mizima imefukuliwa, maana panya shamba huufuata mstari wa mbegu shimo kwa shimo kama mtu anayehesabu. Panya huyu, ambaye wanasayansi humwita Mastomys natalensis, si wa kuchezea. Jike anaweza kuwa na chuchu hadi 24, na kwa uzao mmoja huzaa watoto kumi au zaidi. Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, SUA, pale Morogoro mjini, kimemchunguza kwa miongo kadhaa, na katika mashamba ya majaribio watafiti waliwahi kusimika nguzo za ndege kutulia na masanduku ya kutagia ili kuwavuta ndege wanaokula panya. Mwalimu alizisikia habari hizo kwa bwana shamba. Akachukua mbao za kitanda kilichovunjika, akagonga sanduku, akalipandisha mwembeni. Msimu wa pili bundi wakaingia.

Ni wale bundi weupe wenye uso wa umbo la moyo. Tulipofika, ndani mlikuwa na vifaranga watatu.

Jumatano ya wiki yetu ya pili tuliwasomea watoto hadithi tuliyoikuta kwenye daftari la zamani la mazoezi. Bibi mmoja mchawi anamtuma bundi kwa jirani. Bundi anatua juu ya paa, analia. Asubuhi mtoto wa jirani ameaga dunia. Wanakijiji wanampiga bundi mawe mpaka anakufa, na kijiji kinapona. Tuliandika ubaoni: "Taja mhusika mwema mmoja na mhusika mbaya mmoja." Watoto wote waliandika kwamba mbaya ni bundi, na sisi tukaweka alama ya vema kwenye kila daftari.

Jumamosi asubuhi sanduku lilikuwa chini, limepasuka, na vifaranga wote watatu wamekufa kwa mawe. Aliyepanda mti alikuwa mvulana wa miaka kumi na mmoja, mmoja wa wasomaji wetu bora. Hakukimbia wala hakukana. Alisema ameua mbaya.

Mwalimu hakutugombeza. Alituuliza tu: "Mafrateri wangu, Jumatano mliwafundisha nini hawa?"

Kabla ya jua kuzama kigango kilikuwa kimegawanyika. Wazazi wengine walitaka mvulana aondolewe katika Utoto Mtakatifu mpaka atakapoomba radhi mbele ya watu. Wengine waliona amefanya jambo la maana, na mzee mmoja alimpa shilingi mia tano. Sisi tulikaa na madaftari yale yenye alama zetu nyekundu.

Swali lilikuwa na kasoro gani

Mtoto akiulizwa nani mwema na nani mbaya, kazi yake inaisha mapema sana. Anatafuta jina, analiandika, anafunga daftari. Hana haja ya kurudi kwenye hadithi kuangalia huyo mbaya amefanya nini, nani amesema ni mbaya, na kama aliyesema alikuwa na hakika. Tulikuwa tumewafundisha watoto kutoa hukumu bila kuwafundisha kusikiliza ushahidi.

Wanaofundisha fasihi hutuambia kwamba mhusika hujulikana kwa njia kama nne: yale anayotenda, yale anayosema, yale ambayo wahusika wengine wanasema juu yake, na yale ambayo msimulizi mwenyewe anatuambia. Njia hizi hazina uzito sawa. Tendo tunaliona sisi wenyewe. Maneno ya wengine yanaweza kuwa kweli, yanaweza kuwa wivu, yanaweza kuwa hofu. Mtoto wa darasa la nne anaweza kabisa kuelewa tofauti hiyo, maana uwanjani anaiishi kila siku: anajua kuitwa mwizi na kuiba si kitu kimoja.

Basi Jumatatu tuliirudia hadithi ileile. Safari hii tuliwapa penseli na agizo moja: pigia mstari kila jambo ambalo bundi *anafanya*. Yale anayosemwa, acha. Kwa muda tulisikia penseli tu. Kisha msichana wa darasa la nne akanyoosha mkono, akasema kwa mashaka, kama mtu anayeogopa kwamba amekosea: "Frateri, bundi hajafanya kitu. Amelia tu."

Tuliwaomba wote wahakikishe. Ilikuwa kweli. Bundi alitua, akalia, akapigwa mawe. Kwamba alitumwa alisema msimulizi. Kwamba aliua walisema wanakijiji. Tukawauliza: mtoto yule wa jirani aliugua lini? Walitafuta, wakaona katika aya ya pili kwamba alikuwa na homa tangu siku tatu kabla bundi hajafika. Sisi wenyewe hatukuwa tumeliona hilo.

Mhusika bapa na mhusika duara

Tunaomba hapa mtuvumilie kidogo, hasa ninyi mnaosoma fasihi kwa ajili ya mtihani. Mwaka 1927 mwandishi Mwingereza E. M. Forster alichapisha mihadhara yake kuhusu riwaya, na humo aliwagawa wahusika katika aina mbili ambazo kwa Kiswahili tumezoea kuziita mhusika bapa na mhusika duara. Bapa ana sifa moja, na ukishaijua unaweza kutabiri kila atakachofanya. Duara anaweza kutushangaza na bado tukamwamini.

Makosa huanza mwalimu anapowafanya watoto wadhani kwamba bapa ni mhusika duni. Hadithi zetu za jadi zimejaa wahusika bapa, na zimewalea watu vizuri. Mwanaanthropolojia Mmarekani T. O. Beidelman, aliyeanza kazi yake Ukaguru katika wilaya hii ya Kilosa mwaka 1957, aliandika hadithi nyingi za Wakaguru, na Sungura na Fisi wamo humo kama walivyo katika kila kijiji cha nchi hii. Fisi ni mlafi na mjinga, Sungura ni mjanja. Hatuhitaji kujua utoto wa Fisi ulikuwaje. Fisi huyo ana shamba, anakopa, anaoa, anakwenda kwa wakwe. Ni binadamu mlafi aliyevishwa ngozi ya fisi ili tumcheke bila kumtaja jirani yetu kwa jina.

Tatizo linakuja mtoto anapofunga kitabu na kudhani amemsoma fisi wa porini. Watoto wa Mikumi wana nafasi ambayo watoto wa mijini hawana. Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964 na yenye ukubwa wa kilometa za mraba 3,230, iko jirani yao, na wapo wanaosikia fisi wakilia usiku. Fisi wa hifadhini huwinda mwenyewe, husafisha mizoga, hutafuna mifupa ambayo wengine hawaiwezi, na katika kundi lake majike ndiyo wenye amri. Sasa mwambie mtoto alinganishe huyo na Fisi wa hadithi. Hapo somo la wahusika linaeleweka lenyewe: mhusika ametengenezwa na mtu, kwa kusudi la mtu.

Kwa watoto wakubwa tulitumia *Adili na Nduguze* cha Shaaban Robert, kilichochapishwa mwaka 1952. Humo tunakutana na manyani wawili wanaopigwa viboko usiku, na aliyeshika kiboko ni Adili, ambaye hata jina lake linamsifu. Msomaji hana budi kujiuliza: inawezekanaje? Lazima aendelee kusoma ndipo ajue manyani wale ni nani na wametenda nini. Tuliwasimamisha watoto pale wanapokutana na viboko kwa mara ya kwanza, tukawataka waandike wanavyomwona Adili. Baadaye waliposoma yaliyobaki walirudi kwenye maandishi yao na kuyasahihisha. Wengine walicheka. Zoezi hilo tunalipendekeza kuliko yote, nalo halihitaji gharama yoyote isipokuwa uvumilivu wa kutomwambia mtoto mapema hadithi inavyoisha.

Zoezi jingine ni kuisimulia hadithi upya kwa mdomo wa mhusika mwingine. Kundi moja lilikuwa mkulima, la pili bundi, la tatu panya. Tulitegemea panya angepata watetezi wachache, maana katika mashamba yale kila mtu amepata hasara kwa ajili yake. Tukawasimulia habari za Magawa, panya buku aliyezaliwa pale SUA na kufundishwa na shirika la APOPO kunusa mabomu yaliyotegwa ardhini. Alipelekwa Kambodia, akagundua zaidi ya mabomu na vilipuzi 100, na mwaka 2020 akatunukiwa medali ya dhahabu ya ushujaa na shirika la Uingereza. Alikufa Januari 2022. Watoto walitaka kujua medali ile aliivaa wapi.

"Lakini Biblia inasema bundi ni najisi"

Aliyetuambia hivyo ni mama mmoja mwema wa jumuiya, nasi tunamshukuru, kwa sababu alisema hadharani waliyoyawaza wengi. Ni kweli kwamba Mambo ya Walawi sura ya 11 inawataja bundi kati ya ndege ambao Waisraeli hawakuruhusiwa kula. Tulimwomba mama afungue mahali hapo, asome orodha kuanzia mwanzo wake. Wa kwanza kutajwa ni tai. Tai huyohuyo ndiye ambaye nabii Isaya, katika sura ya 40, anamtumia kueleza nguvu mpya za wanaomtumaini Bwana, na ndiye alama ya Mtakatifu Yohane Mwinjili katika makanisa yetu mengi. Orodha ile inahusu chakula. Haisemi kwamba ndege hawa ni watumishi wa shetani, wala haitoi ruhusa ya kuwapiga mawe.

Kisha tukaenda Zaburi ya 102. Hapo mtu aliye taabuni, hawezi kula wala kulala, anajilinganisha na bundi anayekaa mahali palipobomoka. Yaani katika Zaburi hiyo bundi ni picha ya yule anayeomba. Mama alikaa kimya kidogo akasema, "Kumbe." Hatudai kwamba siku hiyo alianza kuwapenda bundi.

Kwa ninyi mafrateri tunaongeza neno kuhusu nabii Natani, katika Kitabu cha Pili cha Samweli sura ya 12. Daudi ametenda dhambi kubwa, na Natani anamwendea na hadithi ya wahusika wawili: tajiri mwenye makundi ya mifugo, na maskini mwenye kondoo mmoja. Tajiri ni mhusika bapa kabisa, na Daudi anamhukumu kwa hasira mara moja. Natani amemwacha ahukumu kwanza, ndipo anamwonyesha kwamba tajiri yule ni yeye. Tumelisoma somo hilo mara nyingi seminarini kama somo la toba. Pale kigangoni, tukiwa na madaftari yenye alama zetu za vema, tulilisoma kama watu waliohusika.

Yule mvulana

Kwa maana tulikuwa karibu kulirudia kosa letu mara ya pili, safari hii kwa mtoto. Alikuwa amekwisha kuwa mhusika bapa. Kwa wazazi wengine alikuwa katili, kwa mzee wa shilingi mia tano alikuwa shujaa. Hakuna aliyekuwa amemuuliza kitu zaidi ya "kwa nini ulifanya hivyo?", swali ambalo mtoto hulijibu kwa kutazama miguu yake.

Kwa wahusika wa vitabuni tulikuwa tumeanza kuwafundisha watoto kuuliza maswali mawili: anataka nini, na anaogopa nini. Mmoja wetu alimchukua mvulana wakachote maji, na njiani akamuuliza hilo la pili. Jibu lilikuwa tayari. Mwaka uliopita bibi yake, aliyemlea tangu akiwa mdogo, aliugua muda mrefu. Usiku mmoja bundi alilia juu ya mti. Shangazi akasema, "Huyo amemfuata Mama." Siku mbili baadaye bibi alifariki. Sasa bundi walikuwa wanalala nyuma ya nyumba ya katekista, na mama yake mvulana alikuwa mjamzito.

Hatukuwa na neno la haraka. Tulimweleza baadaye, pamoja na mama yake, jambo ambalo nasi tulikuwa tumelifikiria kwa shida: kwamba bundi hulia usiku mwingi, lakini sisi tumelala. Nyumba yenye mgonjwa haina usingizi. Taa inawaka hadi alfajiri, wadudu wanaifuata, panya wanafuata makombo, na bundi anawafuata panya. Watu waliokesha wanamsikia, na kwa kuwa mgonjwa yu mahututi wanalikumbuka. Usiku ambao bundi alilia na hakuna aliyekufa, nani anaukumbuka? Mama alisikiliza, akasema kwamba hata yeye amewahi kumsikia mara nyingi wakati wa kunyonyesha, na watoto wako hai. Tulisali pamoja kwa ajili ya marehemu bibi, na Jumapili iliyofuata aliombewa kwenye Misa. Tulivyoona sisi, Misa ile ilimsaidia mvulana kuliko maelezo yetu.

Hakuondolewa katika Utoto Mtakatifu. Mwalimu alimpa kazi ya kuokota matonge.

Matonge, na jinsi ya kulinda sanduku

Bundi humeza panya mzima, kisha hutapika manyoya na mifupa kama tonge jeusi lenye ukubwa wa kidole gumba. Chini ya mwembe yalikuwapo mengi. Tuliyaloweka kwenye maji yenye sabuni, watoto wakavaa mifuko ya plastiki mikononi na kuyafungua kwa vijiti. (Msiwaache watoto wayashike kwa mikono mitupu, na wanawe vizuri baadaye, maana panya wana magonjwa.) Ndani walikuta mafuvu madogo yenye meno ya panya, moja, mawili, mahali pengine matatu. Hapakuwa na mfupa wa kuku hata mmoja, jambo lililomshangaza mama mmoja aliyekuwa amepoteza vifaranga na kumlaumu bundi. Lile lilikuwa somo letu la wahusika kwa vitendo: huyu bundi anatenda nini usiku? Ushahidi ni huu mkononi mwako.

Tusitie chumvi lakini. Bundi wawili hawawezi kumaliza panya wa shamba, hasa mwaka ambao panya wamefurika. Kusafisha kingo za shamba, kutega mitego, na majirani kupanda kwa wakati mmoja bado ni lazima. Bundi ni msaidizi asiyedai mshahara.

Wanaotaka kujaribu, haya ndiyo tuliyojifunza kwa Mwalimu na kwa makosa yetu. Sanduku liwe la mbao, urefu wa sentimeta 60 hivi, upana na kimo cha 40. Mlango uwe wa sentimeta 15 na ukae juu, karibu na paa la sanduku, ili vifaranga wasianguke kabla ya kuota mabawa. Toboa matundu madogo sakafuni maji yatoke. Bundi huyu hajengi kiota kwa vijiti, hutaga sakafuni, kwa hiyo weka maranda kidogo. Litundikwe mita nne hadi sita juu, mlango usielekee upande mvua inakotoka wala jua la mchana. Mayai huatamiwa kwa mwezi mmoja hivi, na makinda hukaa ndani karibu miezi miwili kabla ya kuruka. Kipindi chote hicho usipande kuchungulia.

Maadui ni nyoka na kanu, yule mnyama mwembamba mwenye madoa na mkia wa pete. Wote hupanda kwa shina. Zungushia shina bati laini lenye upana wa sentimeta 60, na ukate matawi yanayogusana na mti wa jirani au paa, kwa sababu kanu akikosa shina atapita juu. Nyuki nao hupenda sana masanduku haya, na mkiwakuta msiwachome moto. Muiteni mfugaji wa nyuki awahamishe.

Sumu ya panya ni hatari kuliko nyoka. Panya aliyekula sumu hafi papo hapo, hutembea akiyumba, na ndiye rahisi kukamatwa. Bundi akimla, sumu inamwingia yeye na makinda wake. Nyumba yenye sanduku la bundi isitumie sumu, na majirani waombwe vivyo hivyo.

Hapo ndipo tunapofika kwenye ulinzi ambao Mwalimu aliusahau, naye anakiri. Alitundika sanduku bila kumwambia mtu. Majirani waliona bundi wanaingia na kutoka kwa katekista usiku, na kila mmoja akajitungia hadithi. Makinda wa bundi hawalii kama vifaranga wa kuku, hutoa sauti ya kukoroma na kufoka kama nyoka, na mtu akipita gizani asijue ni nini, anakimbia. Kabla ya kupandisha sanduku, lisemeni kwenye jumuiya. Waleteni watoto mchana waone. Wasikilizisheni sauti ile. Anayefuga kuku ahakikishiwe kwamba vifaranga wakifungiwa bandani usiku, kama ilivyo desturi, bundi hawapati. Na yule anayeogopa asichekwe.

Ikiwa kuna mtu katika jumuiya aliyefiwa baada ya bundi kulia, mtembeleeni kwanza. Sisi tulimtembelea shangazi wa mvulana tukiwa tumechelewa wiki tatu. Alitukaribisha vizuri, akatupa uji, na hakubadili maoni yake. Alisema tu kwamba sanduku likirudishwa, liwe upande wa pili wa mwembe, mbali na dirisha lake. Mwalimu alikubali palepale.

Sanduku jipya lilipandishwa mwezi wa kumi. Mvulana alishika ngazi, kisha akaomba apande mwenyewe kufunga kamba, na mama yake, akiwa na kichanga mgongoni, alisimama chini akimwambia ashike vizuri. Katikati ya Novemba Mwalimu alitupigia simu: bundi hawajarudi, sanduku limeingiwa na nyuki. Mzee mmoja wa Zombo anayefuga nyuki ameahidi kuja kuwachukua baada ya Noeli, na watoto wamemwomba aje siku ya Jumamosi ili waone.